Aliyeshtakiwa kununua gari la wizi na haki yake ya dhamana

Mtu anapofikishwa katika Mahakama ya Voi kwa shtaka la kununua gari lililoibwa, kisha akaachiliwa kwa dhamana, minong'ono ya hongo haikawii kusikika nje ya mahakama. Hata hivyo, wakati huo hakimu huwa hajaamua lolote kuhusu kosa lenyewe.

Kifungu cha 49 cha Katiba ya 2010 kinampa kila aliyekamatwa haki ya kuachiliwa kwa dhamana yenye masharti yanayofaa, ila pakiwepo sababu nzito za kumnyima. Sababu hizo huonyeshwa na upande wa mashtaka.

Kosa si dogo. Chini ya kifungu cha 322 cha Kanuni ya Adhabu, anayepokea mali ya wizi anaweza kufungwa hadi miaka 14, ilhali mwizi wa gari, chini ya kifungu cha 278A, hufungwa hadi miaka saba. Mnunuzi basi yumo hatarini maradufu ya mwizi, jambo ambalo wengi wanaokimbilia gari la bei ya chini hawalijui.

Lakini kununua peke yake si hatia. Ni lazima ithibitishwe kwamba mnunuzi alijua gari ni la wizi, au alikuwa na sababu ya kuamini hivyo: bei ya kutupa, nambari ya injini iliyokwaruzwa, muuzaji asiye na kitabu cha usajili. Aliyethibitisha mwenye gari kwa Mamlaka ya Kitaifa ya Uchukuzi na Usalama (NTSA) kabla ya kulipa ana la kujibu.

Mambo hugeuka iwapo gari lilinyang'anywa kwa nguvu siku chache tu kabla. Anayepatikana nalo bila maelezo ya kuridhisha huweza kuchukuliwa kuwa miongoni mwa majambazi na kushtakiwa kwa wizi wa mabavu, ambao adhabu yake kisheria ni kifo. Kabla ya Katiba mpya kuzinduliwa Agosti 27, 2010, shtaka hilo halikuwa na dhamana kamwe. Leo linayo.

Swali kuu mbele ya hakimu ni kama mshtakiwa atarudi kortini. Hapo ndipo mahali penyewe panapokuwa na uzito. Voi ipo kwenye barabara kuu ya Mombasa na Nairobi, na hapo huchepuka barabara ya kupitia Mwatate hadi Taveta, na kuvuka mpaka hadi Holili, Tanzania. Kiongozi wa mashtaka hakosi kuutaja mpaka huo. Wakili naye hujibu kwa kutaja makao, familia na kazi ya mteja wake, na mahakama huweza kumtaka akabidhi pasipoti au apige ripoti polisi mara kwa mara.

Kikwazo kigumu zaidi huja baada ya dhamana kutolewa. Mdhamini hutakiwa kuonyesha mali, mara nyingi hatimiliki ya ardhi. Katika Taita Taveta, ambako zaidi ya nusu ya ardhi imo ndani ya mbuga za Tsavo na familia nyingi huishi kwenye mashamba yasiyo na hatimiliki, karatasi hiyo ni adimu. Mshtakiwa huweza kubaki rumande akiwa na dhamana mkononi. Sheria inakataza dhamana kupita kiasi, na Mahakama Kuu inaweza kuipunguza ikiombwa.

Gari lenyewe hubaki mikononi mwa serikali kama kielelezo. Hata akiachiliwa huru mwishoni, mnunuzi kwa kawaida hulipoteza, kwa kuwa aliyemuuzia hakuwa na haki ya kuliuza. Hubakia kumdai huyo fedha zake. Na akitoroka kabla ya hukumu, mdhamini ndiye huitwa kueleza kwa nini asilipe kiasi chote alichoweka sahihi.