Mganga wa filamu ya Sheena ni nani?

Msikilizaji, kama uliwahi kuona Sheena kwenye kibanda cha video, Mbeya au Iringa, utamkumbuka mganga anayemlea msichana yatima wa Kizungu. Filamu hiyo ya Marekani ilirekodiwa Kenya, ikatoka 1984. Wahakiki waliiponda, lakini ina mashabiki hadi leo.

Mganga yule ni Elizabeth Bagaya, binti wa mfalme wa Toro, Uganda. Alisomea sheria Cambridge, akawa wakili, na mwaka 1974 waziri wa mambo ya nje wa Idi Amin. Filamu zake kubwa ni mbili tu: Sheena na Bullfrog in the Sun, iliyotokana na riwaya za Chinua Achebe. Mwaka 1986 akawa balozi Marekani.

Ndani ya Sheena anaitwa Mganga tu. Ndiyo maana tunamtaja kwa jina.