Steringi hafi, lakini rafiki yake anakula nini?

Ukiwa umelelewa mtaa kama Tuwan, pale Kitale, sheria ya kwanza ya sinema unaijua kabla hujaingia darasa la kwanza: steringi hafi. Atapigwa, atarushwa kutoka ghorofani, atazingirwa na maadui thelathini wenye mapanga, na sauti ya DJ Afro itakuwa pale pale ikimtafsiria kila ngumi kwa Kiswahili cha mtaani. Mwisho wa filamu steringi anaondoka na msichana wake. Anayekufa ni rafiki. Kwa kawaida anakufa katikati, akimwokoa steringi. Kibanda kizima kinanyamaza kidogo, halafu kinamsahau.

Makala haya ni ya huyo anayesahaulika. Kwa lugha ya tuzo anaitwa mwigizaji msaidizi. Ni yule rafiki, mpishi, jirani, askari wa lango, mama mwenye kibanda cha mboga. Na kama una ndoto ya kuigiza, afadhali uambiwe mapema: uwezekano mkubwa ni kwamba huyo ndiye utakayekuwa. Swali ni kama kazi hiyo inaweza kukulisha.

Tuanze na jambo ambalo wengi wetu tunalipita haraka. Tuzo kubwa kuliko zote ambayo mwigizaji wa Kenya amewahi kubeba, ile Oscar ya Lupita Nyong'o ya Machi 2014, haikuwa ya mhusika mkuu. Ilikuwa ya mwigizaji bora msaidizi, kwa kumwigiza Patsey katika filamu ya 12 Years a Slave. Steringi wa filamu hiyo alikuwa Chiwetel Ejiofor. Na kabla ya hapo, filamu ya The Constant Gardener ilipopigwa Kenya na kutoka 2005, Lupita alikuwamo pia, ila si mbele ya kamera. Alikuwa mmoja wa wale wasaidizi wa uzalishaji, watu wa kutumwa huku na kule.

Lakini Lupita si mfano wa msee wa kawaida. Alisomea uigizaji Yale, akaingia soko la Hollywood. Mtu ninayetaka umjue ni mwingine, na nina hakika ukitaja jina lake kwa stage ya Kitale, watu kumi watakuuliza ni nani.

Anaitwa Sidede Onyulo, sasa ni marehemu. Mwaka wa 2001 ilitoka filamu ya Kijerumani iliyopigwa hapa Kenya, iliyoongozwa na Caroline Link. Kwa Kiingereza inajulikana kama Nowhere in Africa. Inatokana na kitabu cha Stefanie Zweig, ambaye familia yake ya Kiyahudi ilikimbia utawala wa Hitler na kuja kuishi kwenye shamba huku kwetu mwaka wa 1938. Onyulo anaigiza mpishi wa shamba hilo, Owuor.

Sasa, mpishi Mwafrika katika filamu ya Wazungu. Unajua jinsi inavyokuwa. Anabeba trei, anasema "ndiyo bwana", anatoka. Onyulo hakufanya hivyo. Filamu inapoanza, mwenye nyumba, Walter, amelala hoi kwa malaria, na anayemrudisha kwenye uhai ni Owuor. Walter alikuwa wakili kwao Ujerumani. Huku Kenya joho lake la mahakamani halina kazi, basi anamzawadia Owuor. Mpishi analivaa. Angeweza kulivaa kwa kuchekesha, na mwigizaji mwingine angefanya hivyo ili apate kicheko cha haraka. Yeye analivaa kama mtu aliyestahili kulivaa siku zote.

Halafu kuna mtoto, Regina. Mama yake anaichukia nchi hii kwa muda mrefu, baba amechanganyikiwa, na anayemfundisha mtoto lugha, miiko na njia za porini ni Owuor. Anaongea naye Kiswahili. Hebu fikiria: filamu ya Kijerumani, na moyo wake unaongea Kiswahili, kupitia mpishi! Mwishoni, familia inapojiandaa kurudi Ulaya, Owuor anafunga safari yake mwenyewe, anaondoka na mbwa wao. Sijaona mtu aliyeitazama sehemu ile ya kuagana na msichana akabaki akibofya simu.

Filamu ile ilishinda tuzo kuu ya filamu ya Ujerumani mwaka wa 2002, na Machi 2003 ikatwaa Oscar ya filamu bora ya lugha ya kigeni. Kwenye tuzo zile za Ujerumani, mwigizaji msaidizi bora alipatikana kutoka filamu hiyo hiyo: Matthias Habich, Mjerumani, aliyecheza rafiki wa familia. Habich ni mkali, sina ubishi. Lakini ukiniuliza mimi nani aliibeba ile filamu mgongoni, nitakujibu bila kupepesa.

Ukiangalia Habich baadaye, utaona filamu baada ya filamu. Kwao kuna kazi. Onyulo alikuwa kwenye filamu iliyoshinda Oscar, na hapa nyumbani hatukumtengenezea hata nafasi ya kumkumbuka.

Hadithi kama hiyo imejirudia kwa kizazi chetu, ingawa kwa sura tofauti. Nairobi Half Life ya David "Tosh" Gitonga ilitoka 2012 na ikawa filamu ya kwanza Kenya kuipeleka kuwania Oscar. Wengi wanaikumbuka kwa Mwas, aliyeigizwa na Joseph Wairimu, kijana wa kijijini anayeuza filamu kwa kuwaigizia wateja vipande vyake, kisha anaenda Nairobi kutafuta uigizaji. Akifika tu, jiji linamnyang'anya kila kitu na kumtupa seli. Ndani ya seli anakutana na Oti. Oti ni Olwenya Maina, ambaye alituacha Septemba 2022. Mtoe Oti kwenye ile filamu uone kama itasimama. Mwas anatupa huruma, lakini hofu na ule uvutano wa genge vinatoka kwa Oti.

Kwenye genge hilo hilo alikuwamo kijana mwingine, Paul Ogola, akiigiza Mose. Miaka 3 baadaye Netflix ilipoonyesha Sense8, iliyopigwa katika miji mingi duniani ikiwemo Nairobi, mhusika wa Nairobi alikuwa Capheus, dereva wa matatu inayoitwa Van Damn. Basi ungedhani Capheus ni Mkenya. La. Msimu wa kwanza aliigizwa na Aml Ameen, Mwingereza. Ameen akaondoka, akaletwa Toby Onwumere, Mmarekani aliyezaliwa Nigeria. Aliyebaki kwenye matatu ile, mbele na baada, ni Jela, rafiki wa dereva. Na Jela ni Paul Ogola. Steringi alibadilishwa kama tairi, msaidizi akabaki anaendesha hadithi. Mimi huwa nacheka nikikumbuka, lakini kuna uchungu ndani yake: hata hadithi ya Kibera ilipofika Netflix, kiti cha mbele kilipewa mgeni mara mbili.

Mbona basi wenzetu kwingine wanaweza kuishi kwa nafasi ya pili? Twende India kidogo, na si Mumbai. Kusini, Chennai, kunakotoka filamu za Kitamil, zile za kina Rajinikanth. Kule alikuwepo mama mmoja, Manorama. Alianza kwenye maigizo ya jukwaani, akaingia filamu mwaka wa 1958. Hakuwa mrembo wa bango. Alikuwa shangazi, mtumishi, jirani mwenye mdomo, mama mkwe. Kufikia 1985 alikuwa ameingia kwenye kitabu cha rekodi za Guinness kwa kuigiza filamu 1,000. Elfu moja! Alifanya kazi na watu watano ambao kwa nyakati tofauti walikuwa mawaziri wakuu wa majimbo, maana siasa za kusini mwa India na sinema ni ndugu wa tumbo moja. Serikali ikampa nishani ya Padma Shri mwaka wa 2002. Alipofariki Oktoba 2015 akiwa na umri wa miaka 78, watu walimlilia kama shangazi yao wa kweli.

Manorama alikuwa na kipaji, lakini si kipaji peke yake kilichomweka mezani. Ni kwamba filamu ikiisha Jumanne, nyingine inaanza Jumatano. Msaidizi halipwi kwa sura yake kwenye bango, analipwa kwa siku za kazi. Siku zikiwa nyingi, anajenga nyumba. Zikiwa chache, hata uwe na kipaji cha Onyulo, utarudi kupiga hustle nyingine.

Kwa Kenya, kitu kilichokaribia kuwapa wasaidizi siku nyingi za kazi ni runinga. Chukua Papa Shirandula ya Citizen TV. Mwenye kipindi alikuwa marehemu Charles Bukeko, mtu wa Busia, aliyefariki Julai 18, 2020 kwa Covid-19. Aliigiza bawabu anayemdanganya mkewe kwamba ni mtu wa ofisi kubwa. Lakini niambie ukweli, wewe wa Bungoma au Kitale: ulikuwa ukimngoja Papa tu? Ulikuwa unamngoja Awinja, yaani Jacky Vike. Ulikuwa unamngoja Njoro, Otoyo, Wilbroda, na Naliaka ambaye jina lake kwa Wabukusu ni la msichana aliyezaliwa msimu wa palizi. Kipindi kilidumu miaka na miaka, na wale waliosimama kando ya Papa wakapata muda wa kukua. Jalang'o, mmoja wao, alitoka hapo akaenda redioni, na mwaka wa 2022 akachaguliwa mbunge wa Lang'ata. Kumbe hata sisi tunaweza kufanya ya Chennai.

Angalia pia jambo hili: nimetaja majina ya wahusika, si ya watu. Njoro ni Kenneth Gichoya. Otoyo ni Kazungu Matano. Msaidizi hupewa jina na kazi yake, na kazi ikiisha jina linabaki bila mshahara.

Hapo ndipo kisa cha Omosh kinapouma. Joseph Kinuthia alikuwa Omosh wa Tahidi High, kipindi ambacho vijana wa shule walikuwa hawakikosi. Mwaka wa 2021 alijitokeza hadharani akasema hali ni ngumu, kazi imekauka. Wakenya wakachanga zaidi ya shilingi milioni 1, akajengewa na nyumba. Alipoomba tena miezi baadaye, mtandao ukamgeukia kwa kejeli. Watu walijadili sana jinsi alivyotumia pesa zile. Ni wachache waliouliza vipindi vyote vile vya miaka ile vilimwachia nini. Mchango si mshahara, na huwezi kupanga maisha juu ya huruma ya watu wa Twitter.

Kwa hivyo ukipewa karatasi ya mkataba, hata iwe ya nafasi ya mistari sita, usiangalie tu pesa ya siku. Uliza kipindi kikirudiwa hewani utapata nini. Uliza kikiuzwa kwa mtandao wa kulipia itakuwaje. Kuna shirika la haki za wasanii watendaji, PRISK, ambalo kazi yake ni kukusanya malipo ya watu kama wewe. Tuzo za Kalasha, zinazoandaliwa na Tume ya Filamu ya Kenya, zina kipengele cha mwigizaji msaidizi. Sema na meneja wako ajue kipo. Huna meneja? Basi wewe ndiye meneja.

Na si lazima uanzie Nairobi, ambako nauli na kodi vitakumaliza kabla ya majaribio ya kwanza. Shule za huku Trans-Nzoia na Bungoma hutembelewa na vikundi vinavyoigiza vitabu vya mtihani. Sasa hivi tamthilia ya Kiswahili kwa KCSE ni Bembea ya Maisha ya Timothy Arege. Ukumbi ni ule wa kulia chakula, pazia ni shuka mbili, na wanafunzi ni mamia waliokisoma kitabu na watakuzomea ukiruka mstari. Kikundi hakina pesa za kuajiri watu wengi, kwa hivyo msaidizi mmoja anaweza kutoka upande wa kushoto akiwa jirani, akabadilisha koti nyuma ya shuka, akarudi kwa upande wa kulia akiwa daktari. Asubuhi shule moja, alasiri nyingine. Jioni mnagawana kilichopatikana ndani ya matatu ya kurudi Kitale, na kesho saa moja mnatakiwa Kimilili.