Kwa nini ndoo yangu ya juisi iligoma kuganda

Desemba iliyopita nilijitia ujuaji. Ukoo wetu ulikuwa unarudi nyumbani Mnazi kwa ajili ya sikukuu, watu kama arobaini hivi ukihesabu na watoto, nami nikatangaza kwenye kundi la WhatsApp la familia kwamba vinywaji niachiwe mimi. Nitatengeneza juisi ya matunda ya kugandisha, ile unayoichota na upawa ikiwa nusu barafu nusu maji, unaimiminia soda ya tangawizi juu, inatoa povu, mtu anakunywa na kutafuna kwa wakati mmoja. Nina shahada ya uzamili ya sayansi ya chakula, juisi itanishinda kweli?

Ilinishinda.

Kwa asiyepajua, Mnazi iko wilaya ya Lushoto, lakini usiichanganye na ile Lushoto ya ukungu na masweta. Sisi tuko chini, upande wa nyika inayoelekea Mkomazi, na milima ya Usambara tunaiona kwa kuinua shingo. Desemba jua linawaka hasa. Faida yake ni kwamba maembe tunayo yetu, na pasheni, plamu na mapichi yanateremshwa kutoka huko juu, Mlalo na kwingineko. Hivyo matunda hayakuwa tatizo. Nilijaza ndoo ya lita 20, nikaiingiza kwenye friza ya dukani kwa shangazi saa mbili usiku, juu ya samaki wake, nikaenda kulala kwa amani.

Kesho yake saa sita mchana wageni wamekaa, nafungua. Pembeni mwa ndoo kuna ukuta wa barafu wa unene wa vidole viwili, mweupe-mweupe, ukiulamba hauna ladha. Katikati kuna juisi ya baridi tu, tena tamu ya kukwaruza koo. Na samaki wa shangazi wameanza kulainika. "Msomi wetu," aliniambia, "hayo ndiyo mliyofundishwa?" Tukatuma mtoto kununua soda.

Nilipotulia nikafanya hesabu ambayo nilipaswa kuifanya mapema. Hebu tuipige pamoja, si ngumu.

Kupunguza joto la kilo moja ya maji kwa nyuzi 1 kunahitaji kuondoa kilojuli 4.2 hivi za nishati. Juisi ni maji kwa sehemu kubwa, kwa hiyo kilo 20 kutoka nyuzi 30 hadi sifuri ni kama kilojuli 2,500. Hapo bado haijaganda hata tone. Sasa ndipo kazi inapoanza, kwa sababu maji ya nyuzi sifuri kugeuka barafu ya nyuzi sifuri yanatakiwa kuachia kilojuli 334 kwa kila kilo, ingawa kipimajoto hakisogei. Wanafizikia wanaliita joto fiche, na ni kubwa kuliko watu wanavyodhani: linalingana na joto la kuchemsha kilo hiyo hiyo ya maji kutoka sifuri hadi karibu nyuzi 80. Tukitaka robo tatu ya ndoo igande, hizo ni kilo 15, yaani kilojuli 5,000 nyingine. Jumla 7,500.

Tuchukulie friza ndogo inatoa juli 150 kila sekunde. Gawanya, utapata sekunde 50,000, takribani saa 14, na hapo umeme usikatike, mlango usifunguliwe, na pasiwe na kitu kingine ndani. Mimi nilikuwa nimeiweka kwenye friza ya duka, ambayo kuanzia alfajiri inafunguliwa kila mtoto anapokuja na shilingi yake kutaka barafu ya ukwaju. Ningefaulu kwa muujiza.

Lakini hesabu hiyo peke yake haielezi ule ukuta wa pembeni. Tatizo la pili lilikuwa ndoo yenyewe. Joto la katikati haliwezi kuruka, lazima lipite kwenye barafu iliyokwisha kujijenga pembeni, na kadiri ukuta unavyonenepa ndivyo njia inavyozidi kuwa ndefu. Matokeo yake ni kwamba muda wa kuganda hauongezeki sambamba na unene, unakimbia mbele yake. Pale ambapo barafu yenyewe ndiyo kizuizi kikubwa, ukiongeza unene mara mbili muda unaongezeka karibu mara nne. Geuza sasa: punguza unene nusu, na muda unashuka kuelekea robo. Hewa ya friza nayo inachelewesha kidogo, kwa hiyo usitegemee robo kamili, ila tofauti utaiona. Juisi ile ile ningeigawa kwenye sinia na makontena bapa yenye kina cha sentimita nne au tano, kila moja ikigusa sakafu ya friza, ningelala na kuamka nimeshinda.

Na ule weupe? Huo unaujua tangu utotoni. Kila aliyekua hapa kwetu amenyonya barafu ya ubuyu ya kwenye kifuko: dakika mbili za kwanza utamu wote umekwisha, umebaki na kijiti cha barafu nyeupe unakitafuna kwa hasira. Tulikuwa tunasema muuzaji ametupunja. Kumbe siyo yeye. Molekuli za maji zinapoganda zinajipanga kwa mpangilio maalumu kutengeneza fuwele, na kwenye mpangilio huo sukari haina nafasi. Inasukumwa nje, inabaki kwenye maji ambayo hayajaganda, na maji hayo yanazidi kuwa matamu kadiri barafu inavyoongezeka. Wewe unapofyonza, unafyonza hayo maji matamu na kuacha fuwele. Katika ndoo yangu jambo hilo hilo lilitokea kwa ukubwa wa aibu: sukari yote ilisukumwa katikati.

Hapa ndipo sukari inapokuwa kitu zaidi ya utamu. Kitu chochote kilichoyeyuka kwenye maji kinashusha kiwango cha kuganda. Chembe zikifikia moli moja kwa kila kilo ya maji, kiwango kinashuka kwa nyuzi 1.86. Kwa sukari ya mezani moli moja ni gramu 342. Mchanganyiko ninaotumia sasa ni lita nne za maji, kilo moja ya sukari na lita mbili za rojo la matunda (embe nyingi, pasheni ya kutosha, plamu kwa ajili ya rangi). Huo unaanza kuganda kwenye nyuzi 1.3 hivi chini ya sifuri. Kila fuwele inapotokea, maji yaliyobaki yanakuwa matamu zaidi na yanataka baridi kali zaidi ili yagande. Ukifika nyuzi 5 chini ya sifuri, kwa hesabu ya haraka, takribani robo tatu ya maji imeganda na robo bado ni kimiminika kizito kinachoteleza kati ya fuwele. Hiyo ndiyo hali unayoitafuta, ile inayochoteka.

Friza nzuri haiishii hapo, inashuka hadi nyuzi 18 chini ya sifuri, na huko hata juisi tamu inakuwa jiwe. Usihangaike nalo na kisu. Litoe saa moja au zaidi kabla ya wageni, liponde na uma, litarudi kwenye hali yake. Na ukionja mchanganyiko ukiwa wa joto, uache uwe mtamu kidogo kuliko unavyopenda, maana ulimi ukiwa baridi haupokei utamu vizuri. Mjomba wangu ana kisukari, kwa hiyo yake naifanya ya pasheni tupu na maji kidogo, kwenye kikombe chake. Hiyo inaganda ngumu kuliko za wengine, kwa sababu umeshaielewa.

Halafu kukoroga. Barafu ikiachiwa itulie inajenga fuwele kubwa, ndefu, za kukwaruza mdomo. Ukiikoroga na uma kila baada ya nusu saa tangu pembeni kuanze kushika, unazivunja na kurudisha sukari iliyokuwa imesukumwa. Unapata vifuwele vidogo vingi badala ya vikubwa vichache. Ndizi mbivu mbili zilizopondwa pia zinasaidia, zinafanya rojo liwe zito na fuwele zisipate nafasi ya kunenepa. Bibi anasema ndizi inaharibu ladha ya pasheni. Hapo sibishani naye.

Sasa kuna swali ambalo mtu wa Lushoto hawezi kulikwepa: niiweke ikiwa ya moto?

Ukipanda kutoka mji wa Lushoto unafika Magamba. Mwaka 1963, katika Shule ya Sekondari Magamba, kijana wa kidato cha tatu aitwaye Erasto Mpemba alikuwa akitengeneza aiskrimu na wenzake. Utaratibu ulikuwa kuchemsha maziwa, kutia sukari, kusubiri yapoe, ndipo uyaingize kwenye friji. Siku moja nafasi zilikuwa zinagombaniwa. Mwenzake mmoja akachanganya maziwa na sukari bila kuchemsha, akawahi. Mpemba akaona akisubiri yake yapoe atakosa trei ya mwisho, akayaingiza yakiwa ya moto. Saa moja na nusu baadaye yake yalikuwa yameganda, ya mwenzake bado. Alipomuuliza mwalimu, akaambiwa amechanganyikiwa.

Baadaye, akiwa Mkwawa kule Iringa, shule ilitembelewa na Dk. Denis Osborne, mhadhiri wa fizikia kutoka Chuo Kikuu cha Dar es Salaam cha wakati huo. Mpemba akasimama akauliza swali lile lile, wenzake wakacheka. Osborne hakucheka. Alirudi Dar es Salaam, akalifanyia majaribio, na mwaka 1969 wawili hao wakachapisha makala katika jarida la Physics Education. Tangu hapo dunia nzima inasema "athari ya Mpemba". Aristotle, Bacon na Descartes walikuwa wamegusia jambo hilo karne nyingi nyuma, lakini jina limebaki la kijana aliyegombania trei mlimani kwetu.

Je, ni kweli? Hapo mambo yanakuwa matamu. Mwaka 2012 jumuiya ya wanakemia wa Uingereza, Royal Society of Chemistry, ilitangaza shindano la kuieleza na ikapata majibu zaidi ya 22,000. Mwaka 2016 Burridge na Linden walichapisha majaribio yao wakisema hawakupata ushahidi wa maana kwamba maji ya moto yanapoa haraka zaidi, na wakaonyesha kuwa kusogeza kipimajoto kwa sentimita moja tu ndani ya chombo kunaweza kukupa athari ambayo haipo. Mwaka 2020 Kumar na Bechhoefer, Kanada, waliiona kitu cha aina hiyo waziwazi, ila kwenye mfumo wa chembe ndogo sana ndani ya maji, siyo kwenye maziwa ya mtu. Maelezo yanayopendekezwa ni mengi: maji ya moto yanapungua kwa mvuke, yanazunguka zaidi ndani ya chombo, au chombo cha moto kinayeyusha ukoko wa theluji chini yake na kugusa sakafu ya friza vizuri zaidi. Hili la mwisho mimi naliamini kwa friji za zamani zisizofutwa ukoko. Mawazo yangu tu.

Kwa friza ya shangazi jibu langu ni hapana. Ndoo ya moto ingewapasha samaki wake joto kabla ya fizikia yoyote kutokea. Acha ipoe kwanza, hata ndani ya beseni la maji ya kisima.

Ila kuchemsha lazima uchemshe, na hapa naomba usinichukulie kimzaha. Watu wengi wanaamini baridi inaua vijidudu. Haiui, inavilaza tu. Wengi vinaamka juisi ikiyeyuka ndani ya tumbo la mtoto, na sikukuu inaishia zahanati. Chemsha maji pamoja na sukari, yapoe yakiwa yamefunikwa, ndipo utie matunda yaliyooshwa kwa maji safi. Pasheni usiichemshe, harufu yake yote itapanda na mvuke.

Umeme ukikatika usiku, usifungue friza kuangalia. Lile joto fiche lililokutesa jioni sasa linakulinda: barafu haiyeyuki hadi imeze kilojuli zile zile 334 kwa kila kilo. Funika kwa blanketi, lala. Na kama huna friza kabisa, nunua barafu za kwenye chupa kwa mwenye nayo, ziponde, changanya kilo tatu na kilo moja ya chumvi ya mawe ndani ya ndoo, kisha zamisha sufuria ya juisi katikati na ukoroge. Chumvi inalazimisha barafu kuyeyuka, na inapoyeyuka inanyonya joto kwa jirani, yaani juisi yako. Mchanganyiko huo kinadharia unaweza kushuka hadi nyuzi 21 chini ya sifuri. Kwenye ndoo ya nyumbani hautafika huko, lakini kwa sufuria ya lita mbili unatosha. Vaa kitambaa mkononi, na hiyo barafu ya chumvi isiingie kwenye kinywaji.

Mwaka huu nimeshaazima sinia sita. Shangazi amekubali kunipa friza kwa usiku mmoja, kwa masharti mawili: samaki wake wahamie kwa jirani kwanza, na tokeni ya LUKU nije nayo mwenyewe.