Uvamizi wa matangazo mubashara

Uvamizi wa matangazo mubashara ni tendo la kundi la watu kuingia kwa pamoja katika tangazo linalorushwa moja kwa moja kwenye intaneti na kulijaza matusi, vitisho au picha chafu. Tofauti na mtazamaji mmoja mkorofi, wavamizi hupanga kwanza mahali pengine, kisha hufika kwa wakati mmoja.

Historia

Tovuti za Stickam (2005) na Justin.tv (2007) zilikuwa kati ya za kwanza kumwezesha mtu wa kawaida kujirusha kwa kamera ndogo. Justin Kan, mmoja wa waanzilishi wa Justin.tv huko San Francisco, Marekani, alivaa kamera kwenye kofia mchana na usiku. Watazamaji waligundua mapema kwamba wangeweza kumsumbua wakiwa mbali: polisi walipigiwa simu ya uongo, wakafika nyumbani kwake. Mchezo wa simu za namna hiyo ni hatari kuliko matusi yoyote. Mwaka 2017 ulisababisha kifo mjini Wichita.

Ulinzi wa kwanza ulikuwa wasimamizi wa kujitolea, yaani watazamaji walioaminiwa kufuta ujumbe na kuwafungia wakorofi. Walitosha wavamizi walipokuwa binadamu. Mwaka 2021 mtandao wa Twitch, uliotokana na Justin.tv, ulikumbwa na boti zilizomwaga ujumbe wa kibaguzi haraka kuliko mkono wa kuufuta. Tarehe 1 Septemba warushaji wengi waligoma. Mwishoni mwa mwezi huo Twitch ikawaruhusu kudai namba ya simu iliyothibitishwa kabla mtu hajaandika.

Tanzania

Kifungu cha 23 cha Sheria ya Makosa ya Mtandao ya mwaka 2015 kinakataza unyanyasaji mtandaoni. Adhabu yake ni faini isiyopungua shilingi milioni 5, kifungo kisichopungua miaka 3, au vyote viwili. Kanuni za maudhui ya mtandaoni za mwaka 2020 zilipunguza muda wa kuondoa maudhui yaliyokatazwa, baada ya mhusika kuarifiwa, kutoka saa 12 hadi 2.

Hata hivyo, mazishi yanayorushwa kutoka Songea ili ndugu walioko Dar es Salaam wayafuatilie yanaweza kuharibiwa kwa dakika chache tu. Anayesaidia hapo ni mtu wa pili mwenye simu yake, aliyepewa usimamizi kabla kamera haijawashwa. Orodha ya maneno ya kuzuiwa ni vema mwenye ukurasa aiandike mwenyewe, pamoja na matusi ya mtaani na namna yanavyopindwa herufi ili yapite.