Kiopoo cha Maarifa: Maelezo ya Istilahi Tatu

Katika makala haya tunakusudia kueleza istilahi tatu zihusuzo kazi ya kupanga maarifa na kuyapata tena yanapohitajiwa. Tutaanza na chombo ambacho hakijapata kuundwa.

Mwezi Julai 1945 mwanasayansi wa Marekani, Vannevar Bush, alichapisha makala katika jarida la The Atlantic, akaeleza mashine ya kubuni aliyoiita Memex. Ilifanana na meza ya kuandikia. Ndani yake mwenyewe angeweka vitabu, barua na kumbukumbu zake zote, zikiwa zimepigwa picha ndogo mno. Kila alipohitaji jambo angebonyeza vitufe, nalo lingetokea mbele yake. Aidha, angeweza kufunganisha jambo moja na jingine, ili siku nyingine akilivuta la kwanza, la pili lifuate.

Msomaji wa leo aliyezoea kompyuta hatastaajabu sana. Hata hivyo, tukitaka kueleza kwa Kiswahili kazi za mashine hiyo, tunakwama mahali pamoja. Kwa kazi ya kwanza tunalo neno kuhifadhi. Kwa kazi ya pili, yaani kupanga kwa utaratibu unaojulikana, tunalo neno fahirisi, ambalo asili yake ni Kiarabu, na hakuna ubaya kusema kufahirisi. Kazi ya tatu ni kulitoa jambo moja miongoni mwa maelfu. Wengi huiita kutafuta. Sisi tunaona kwamba neno hilo halitoshi, kwani mtu huweza kutafuta mchana kutwa asipate. Kutafuta ni juhudi. Kinachotakiwa ni jina la tendo lililotimia.

Kanuni ya kuunda istilahi hututaka tuanze kuchunguza hazina ya Kiswahili chenyewe kabla ya kubisha hodi kwa jirani. Tukifanya hivyo tunakutana na kitenzi kuopoa. Ndoo ikizama kisimani huopolewa, na chombo cha kuiopolea ni kiopoo, yaani mti mrefu wenye kulabu nchani. Basi tunapendekeza kwamba kuitoa habari ilikohifadhiwa kuitwe kuopoa, na utaratibu wowote wa kuitoa, uwe wa kadi au wa kompyuta, uitwe kiopoo.

Ubora wa istilahi hii ni kwamba inafundisha. Kiopoo hakiwezi kuinua kitu kisichokuwa na mahali pa kunasa. Ndoo ina mpini wake; habari nayo haina budi iwe na mpini. Mpini huo tunapendekeza uitwe kishikio. Katika kamusi kishikio ni kidahizo. Katika maktaba ni jina la mwandishi au la mada. Anayeweka habari bila kishikio kinachofaa ameizamisha.

Ili kuonyesha kwamba jambo hili si mchezo wa maneno, tuchukue mfano wa Lukole, katika Wilaya ya Ngara inayopakana na Biharamulo, Mkoa wa Kagera. Baada ya kuuawa kwa Rais Melchior Ndadaye wa Burundi, tarehe 21 Oktoba 1993, watu wengi walikimbilia Tanzania, na kambi ya Lukole ikawa makao ya Warundi wapatao 100,000 mwishoni mwa miaka ya 1990. Kambi hiyo sasa haipo. Katika kukimbia huko jamaa walipoteana, na watoto wakatengana na wazazi wao. Kuwakutanisha tena kulitegemea majina: majina katika orodha, majina katika kadi, na majina yaliyotangazwa redioni. Radio Kwizera, iliyoanzishwa Ngara mwaka 1995, jina lake lina maana ya tumaini.

Sasa tumfikirie karani Mswahili anayewaandika wageni hao. Amezoea kuamini kwamba mtoto hujulikana kwa jina la baba yake. Lakini kwa desturi ya Warundi kila mtoto hupewa jina lake mwenyewe. Ndugu watatu wa baba mmoja na mama mmoja huweza kuwa na majina matatu yasiyofanana hata kidogo. Karani akifahirisi kwa jina la ukoo, atakuwa amewatenganisha ndugu kwa kalamu yake. Tena, Kirundi hakitofautishi l na r kama Kiswahili kinavyofanya. Jina lile lile huweza kuandikwa leo kwa l na kesho kwa r; kadi mbili za mtu mmoja zikakaa mbalimbali sandukuni, kila moja ikisema kweli, wala zisikutane.

Dawa ya matatizo hayo haikuwa mashine kubwa zaidi. Kwa tatizo la kwanza, kilitakiwa kishikio kingine: majina ya baba na mama, pamoja na kilima alikozaliwa mtu, kwani Mrundi hujitambulisha kwa kilima chake. Kwa tatizo la pili, ulimwengu ulikuwa umekwisha kupata fundisho. Huko Arolsen, Ujerumani, baada ya vita vya pili vya dunia, ilikusanywa fahirisi ya kadi zipatazo milioni 50, zinazohusu watu milioni 17.5. Zilipangwa kwa kufuata sauti ya jina, wala si herufi peke yake, ili maandishi mbalimbali ya jina moja yakae pamoja.

Kwa hiyo tunaona kwamba kuiita mashine ya namna hii chombo cha maajabu ni kuficha ukweli. Ajabu yote imo katika kazi ya yule aliyeuliza vizuri na kuandika vizuri siku ya kwanza. Kompyuta nayo huopoa kwa wepesi kile tu kilichopewa kishikio.

Basi istilahi tunazozitoa ni hizi:

(a) kuopoa: kuitoa habari mahali ilipohifadhiwa;
(b) kiopoo: utaratibu au chombo cha kuopolea habari;
(c) kishikio: jina, neno au alama inayowezesha habari kuopolewa.

Tunawaomba wasomaji, hasa wakutubi, makarani wa masjala na walimu, wazijaribu istilahi hizi kazini mwao na watuletee maoni. Istilahi nayo ni kishikio. Isipoingia mikononi mwa watu, maarifa yetu yatabaki kisimani.