Faili Iliyopotea na Programu Iliyogoma

Aliyepata kuketi katika saiba za Kawangware, zile zinazopakana na Barabara ya Naivasha, au zile za Kibera upande wa Olympic na Makina, ameona jinsi mashine moja inavyotumikishwa kazi za watu kumi: huyu anawasilisha ritani zake za KRA, yule anaomba cheti katika eCitizen, na wa tatu anataka picha ya pasipoti ikatwe na zichapwe nakala nne kabla ya saa sita. Katikati ya shughuli hizo programu ya picha hukataa kufunguka, na mahali pake hutokea kidirisha cha Kiingereza kinachoarifu kwamba kazi haiwezi kuendelea kwa sababu MSVCP140.dll haikuonekana. Mwenye saiba hukunja uso. Na kijana aliye karibu, kwa nia njema kabisa, hushauri kwamba jina hilo litafutwe Google na faili ipakuliwe kutoka popote itakapopatikana. Shauri hilo ndilo lililonisukuma kuandika makala haya, kwa kuwa ni la upesi, ni la bure, nalo ni baya.

Programu ya kompyuta, iwe kubwa namna gani, haikuandikwa yote tangu alifu hadi yee na mkono mmoja. Kazi zinazohitajiwa na kila programu, kama vile kuchora dirisha kwenye kioo, kupiga hesabu, kuandika diskini au kupeleka waraka kwa printa, zimekwisha kuandikwa mara moja na kuwekwa katika faili za peke yake, ambazo programu yoyote iamkapo huziazima kwa majina yao. Katika Windows faili hizo huitwa DLL, nazo zimo tangu toleo la kwanza la mwaka 1985, zama ambazo kumbukumbu ya mashine ilikuwa adimu na ghali, na ingalikuwa israfu kila programu kubeba nakala yake. Mkaazi wa Kibera hahitaji maelezo marefu, maana ameyaona mabomba ya shirika la SHOFCO yaliyopitishwa juu ya mapaa, yakigawa maji kwa vioski vingi: faida ya ushirika huo ni dhahiri, na hatari yake ni dhahiri vilevile, kwani maji yakiharibika kwenye asili yake hakuna kioski kitakachosalimika.

Hatari hiyo ilijitokeza katika miaka ya 1990, ambapo programu mpya ilikuwa ikija na nakala kongwe ya faili inayotumiwa kwa pamoja, ikaifuta iliyo mpya bila ya kubisha hodi, na kesho yake programu nyingine, isiyohusika hata kidogo, ikaanguka. Mafundi wa ng'ambo waliipa hali hiyo lakabu ya jehanamu ya DLL, na sidhani kama walitia chumvi. Windows 2000 ikaleta ulinzi wa faili za mfumo, kisha Windows XP ya mwaka 2001 ikayaruhusu matoleo kadhaa ya faili moja kukaa pamoja, kila programu ikichukua lililo lake. Taabu iliyosalia aghalabu ni ya faili kukosekana, si ya faili kukanyagana.

Na kukosekana kwenyewe kuna sababu zinazojulikana. Mashine nyingi za mitaa hii ni za mitumba. Programu hunakiliwa kutoka flashi hadi flashi bila kifurushi chake cha kusakinishia. Umeme hukatika katikati ya usasishaji. Au antivairasi, kwa kushuku, huitia faili karantini, na hapo ndipo pa kutazama kwanza. Iwapo haimo, jina lake litakwambia ukoo wake. MSVCP140.dll ni ya kifurushi cha Microsoft kiitwacho Visual C++ Redistributable, cha kuanzia mwaka 2015, ambacho hutolewa bure katika tovuti ya Microsoft yenyewe na hakifiki megabaiti 30, na d3dx9_43.dll, inayoliliwa na michezo ya zamani, ni ya DirectX ya Juni 2010. Ikiwa iliyoharibika ni ya Windows yenyewe, amri ya sfc /scannow, ikitolewa kwa mamlaka ya msimamizi, hukagua faili za mfumo na kurejesha zilizo sahihi. Kifurushi cha Visual C++ huja kwa x86 na kwa x64, na ni kheri kuweka vyote viwili, kwa sababu katika Windows ya biti 64, kinyume cha akili, folda ya System32 huhifadhi faili za biti 64, na SysWOW64 huhifadhi zile za biti 32. Anayenakili kwa kubahatisha hupata kosa la 0xc000007b, akadhani ametiwa uchawi.

Ama hiyo faili ya kuokota, aipakuaye hajui imetoka kwa nani, naye huiingiza ndani ya programu inayoaminiwa, ikatenda kwa idhini zile zile za programu hiyo. Kirusi cha Conficker, kilichozuka Novemba 2008 na baadaye kikajua kusafiri kwa flashi, chenyewe kilikuwa DLL. Wala wa Linux wasijione wamo ngomeni: Machi 2024 mhandisi Andres Freund, akistaajabu kwa nini kuingia katika mashine kwa SSH kunachelewa nusu sekunde, alifuatilia mpaka akagundua mlango wa siri ndani ya liblzma, faili ya matumizi ya pamoja, uliotiwa na mtu aliyekwisha kuaminiwa na wenye mradi. Hila iliyoweza kupenya kwa mlango wa mbele wa wenyewe itazuiliwa na nini katika tovuti isiyo na mwenyewe?

Kwa hiyo rai yangu kwa wenye saiba ni kwamba vifurushi hivyo vya Microsoft vipakuliwe mara moja, siku ambayo bando lipo, vikawekwe kwenye flashi isiyokopeshwa wateja. Na fundi akisema dawa ni kufomati tu, aulizwe kwanza kama amejaribu kuiondoa programu hiyo na kuiweka upya. Akishikilia, picha na nyaraka za wateja zihamishwe kabla hajagusa kitu.