Umejisajili SHA, lakini mtoto wako analindwa?

Unaendesha boda kati ya Adungosi na Malaba, ama unauza mitumba hapo Busia mpakani. Una mtoto mmoja au wawili. Ulipiga *147#, ukajisajili na Mamlaka ya Afya ya Jamii (SHA), ukadhani umemaliza. Hapo ndipo wengi hunaswa.

Tangu SHA ichukue nafasi ya NHIF Oktoba 1, 2024, kujisajili na kulipa ni mambo mawili tofauti. Ukijisajili tu, mtoto anafaa kutibiwa bila malipo kwenye zahanati na vituo vya afya vya umma. Lakini akizidiwa na kulazwa hospitali kubwa, na hujalipa mchango, bili ni yako.

Sasa piga hesabu. Asiye na mshahara wa mwezi huulizwa maswali kuhusu maisha yake, mapato yake yakadiriwe, kisha hutozwa asilimia 2.75. Kiwango cha chini ni Sh300 kwa mwezi. Shida ni kuwa unatakiwa kulipa ya mwaka mzima kwa mpigo: Sh3,600. Kwa mtu wa riziki ya kila siku, hiyo si mchezo. Ila ukiigawa, ni kama Sh10 kwa siku. Iweke kando kwa simu, ama mchangiane kwenye chama.

Mchango huo mmoja unakubeba wewe, mwenzi wako na watoto, mradi majina yao yameingizwa. Kwa hivyo tafuta vyeti vya kuzaliwa mapema, usingoje usiku mtoto akishikwa na degedege.

Leo jioni shika simu uangalie: umesajiliwa tu, ama umelipa?